Mhariri na Maajabu Auzayo

Je, mhariri atangazaye jambo asilolijua kuwa kweli wala uongo, asema uongo? Swali hili twalileta kwa ajili ya Mmarekani mmoja, Raymond Palmer, aliyezaliwa mwaka 1910 na kufariki mwaka 1977, ambaye karibu maisha yake yote aliyatumia kuhariri magazeti ya maajabu.

Mwaka 1943 Palmer alikuwa mjini Chicago, akihariri Amazing Stories, gazeti la hadithi za kubuni. Akaandikiwa na Richard Shaver, mtu aliyedai kwamba chini ya ardhi mna mapango, na ndani yake viumbe waovu wawatesao wanadamu kwa mitambo ya mionzi. Naye akisema asikia sauti zao. Palmer aliyaandika upya maelezo hayo, akayarefusha sana, akayatoa Machi 1945. Kama angeyaita hadithi, tusingekuwa na neno, maana msomaji alijua anunuacho. Lakini yeye aliyanadi kuwa yana ukweli ndani yake. Gazeti likanunuliwa mno, barua zikamiminika. Na katika waandishi wa barua hizo walikuwamo waliosema kwamba hata wao husikia sauti zile.

Wamteteao husema: Palmer aliweka habari mezani, msomaji akaamua. Hatukubali. Achaguaye neno moja katika mia na kulipiga chapa kwa herufi kubwa amekwisha kulishuhudia kwa kiasi fulani. (Nasi tuharirio twalijua jaribu hili, ajabu huuza gazeti kuliko bei ya pamba.)

Si kila ajabu twalilaumu. Mwaka 1948 Palmer na Curtis Fuller walianzisha gazeti la Fate, na toleo la kwanza lilikuwa na maelezo ya Kenneth Arnold, rubani aliyesema kwamba tarehe 24 Juni 1947, karibu na mlima Rainier, aliona vitu tisa vikiruka kwa kasi kubwa. Yawezekana macho yalimdanganya. Hata hivyo alitaja jina lake, siku na mahali, na atakaye aliweza kumhoji. Huo ni ushahidi, na kuuchapa ni halali.

Shaver lakini aliwahi kulazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili. Sauti zile zilikuwa mateso yake, nazo zikageuzwa bidhaa. Haki yatudai tuseme pia kwamba Palmer hakuwa mtu mkatili. Yeye mwenyewe aligongwa na lori akiwa na miaka saba, akavunjika uti wa mgongo, akabaki na kibiongo, aliyajua maumivu. Alidumu kuwa rafiki wa Shaver, hata wakawa majirani huko Wisconsin. Basi Shaver alipata angalau mtu wa kumsikiliza. Wale wengine, waliosikia sauti peke yao vyumbani mwao, walipata toleo lililofuata.