Pumzi ya Jirani

Ndugu msomaji, leo nakuomba tuiache pwani kidogo tupande Nyanda za Juu Kusini, tupite Iringa mpaka Mbeya, khalafu turudi barazani kwetu, kama tungali nayo baraza.

Wahehe wa Iringa zamani walikuwa wakijenga tembe: nyumba ndefu ya miti iliyokandikwa udongo, paa lake bapa limefunikwa udongo vile vile, na vyumba vimeuzunguka ua. Tembe hii ilikuwa mbali na ile, na mashamba katikati. Basi jirani alijulikana kwa moshi wake. Kati ya mwaka 1973 na 1976, serikali ilipowahamishia watu katika vijiji, nyumba zilipangwa safu kwa safu. Miguu ilikaribiana. Kama nyoyo nazo zilikaribiana ni suala jingine, na suala hilo ndilo lililonifanya niishike kalamu.

Kwa Wanyakyusa wa Rungwe na Kyela, katika mkoa wa Mbeya, mambo yalikuwa kinyume. Joseph Thomson, msafiri wa Kiskoti, alipopita kwao mwaka 1879 alizisifu sana nyumba zao za mianzi na usafi wa viwanja vyao kati ya migomba. Lakini la kustaajabisha zaidi si nyumba, bali ni nani alikaa na nani. Godfrey Wilson na mkewe Monica walifanya utafiti huko baina ya 1934 na 1938, na Monica akayaandika hayo katika kitabu kilichotoka mwaka 1951. Kijiji cha Wanyakyusa hakikuwa cha ukoo. Kilikuwa cha hirimu. Mtoto wa kiume akifika umri wa miaka kumi hivi, aliondoka nyumbani kwa baba yake, akaenda na wenziwe wa rika moja kujenga vibanda vyao pembeni. Wakikua walioa, wakawaleta wake zao pale pale, na kijiji kikawa chao mpaka uzeeni.

Usidhani walifukuzwa. Waliona si adabu kijana aliyekwisha pata akili alale karibu na wazazi wake, wala mke wa mtoto hakuruhusiwa kuonana na baba mkwe. Nasi je, hatukufunzwa tuwatenge watoto katika malazi wafikapo miaka kumi? Na ukivuka bahari ukaenda Sumatra, kwa Waminangkabau, Waislamu ambao lugha yao ni ya ukoo mmoja na lugha ya Bukini, utakuta jambo linalofanana na hilo. Kwao nyumba kubwa ya ukoo, yenye paa lililopinda kama pembe za nyati, ni mali ya wanawake. Kwa desturi ya zamani mtoto wa kiume akipita miaka saba hivi hulala katika surau, kijumba cha ibada, pamoja na wenziwe, akisoma Kurani. Watu wa mbali kiasi hicho, na swali lao ni moja: huyu kijana, akitoka mikononi mwa mama yake, atalelewa na nani?

Wanyakyusa walijibu kwamba atalelewa na wenziwe. Na wale vijana kula hawakula peke yao. Walikwenda kundi zima kwa mama wa huyu, kesho kwa mama wa yule. (Nawafikiria akina mama hao na vyungu vyao! Wasifiwao kwa ukarimu mara nyingi si wale waliopika.) Kukaa huku pamoja, kula na kuzungumza na hirimu zako, walikuita ukwangala, nao waliuhesabu kuwa ndio utu wenyewe. Mtu aliyekula peke yake hakuwa mtu kamili.

Mpaka hapa, msomaji, huenda moyo wako umekwisha hamia Rungwe. Ngoja kwanza. Vijana walingoja miaka mingi kuoa kwa kukosa ng'ombe, na wazee wenye ng'ombe wakaoa wake wengi. Tena palikuwa na kitu walichokiita pumzi ya watu. Waliamini kwamba mtu akiwa bakhili, au akiwaudhi jirani zake, minong'ono yao humpanda kama baridi, akaugua. Na wachawi, kwa itikadi yao, huwashwa na tamaa ya nyama na maziwa. Basi mwenye busara akichinja huwagawia wote, asije akadhurika. Uchawi wao si hoja yangu. Hoja yangu ni hii: mkono ule uliogawa nyama, ulitoka moyoni au ulisukumwa na khofu?

Aliyezowea kusoma habari za nia na ria atajibu haraka: amali bila nia safi haina kitu. Ni kweli, kwa yule anayetoa. Lakini muulize anayepokea. Mtoto mwenye njaa akipewa pande la nyama haonji nia iliyomo. Anashiba. Basi katika kila sadaka mna hesabu mbili, na sisi tumezowea kuisoma moja tu, ile inayotuhusu wenyewe.

Tena sisadiki kwamba ukwangala wote ulikuwa khofu. Mvulana wa miaka kumi anayekula jioni hii kwa mama wa mwenziwe hajaogopa pumzi ya mtu. Anazowea tu. Khofu ilimlinda mtu mzima asiisahau ada aliyoinukia nayo.

Vijiji vile vya hirimu vilikwisha zamani. Vijana walikwenda kutafuta mshahara migodini, kahawa ikapandwa, na shamba la mibuni halihamishiki, kwa hiyo mtoto akataka kurithi alipo baba yake. Hakuna aliyevipiga marufuku. Watu walipata sababu ya kubaki kila mmoja na chake.

Narudi pwani. Nilipojenga nyumba yangu, fundi aliniuliza: "Mzee, baraza tuiweke upande gani?" Nikamwambia hapana haja, nataka ukuta, na vigae vya chupa juu yake. Baba yangu alikuwa na baraza. Mgeni alikaa pale bila ya kuingia ndani, sitara ya watu wa nyumbani ikabaki, na khabari za mtaa zikamfika kabla ya kahawa kupoa. Mimi nikaondoa baraza nikabakisha sitara. Nikajiona nimestaarabika, sina wa kunisema.

Nyuma ya ukuta wangu anakaa mjane mwenye watoto wanne. Mwezi mmoja wa mvua jiko lake lilikaa siku mbili halikuwashwa. Mimi nilikuwa na khiari kamili ya kumpa, bila pumzi ya mtu kunisukuma, nami nililala nimeshiba, kwa kuwa sikujua. Khabari hizo niliambiwa na muuza samaki, baada ya wiki nzima.

Fundi yule bado yuko mtaani. Nimemwita Jumamosi aje apime upande wa barabara. Mke wangu anauliza ukuta tutauvunja kiasi gani, na mpaka leo hatujaafikiana.