Uhalali wa Mashindano ya Magari Baada ya Vita

Swali la iwapo yafaa watu warejee michezoni ilhali makaburi ya vita bado mabichi ni swali la maadili kabla ya kuwa la burudani, na huwa zito zaidi mchezo unapokuwa mbio za magari, ambazo huteketeza mafuta na kuhatarisha roho. Mjini Paris mbio hizo zilirejea katika msitu wa Bois de Boulogne tarehe 9 Septemba 1945, wiki moja baada ya Japani kutia saini hati ya kusalimu amri. Mojawapo ilipewa jina la Robert Benoist, dereva aliyejiunga na wapiganaji wa siri dhidi ya Wajerumani akauawa katika kambi ya Buchenwald mwaka 1944. Mshindi wa nyingine, Kombe la Wafungwa, alikuwa Jean-Pierre Wimille, mwenzake katika mapambano hayo. Furaha ile, basi, haikuwapa kisogo waliofikwa na msiba.

Swali hilo hilo laweza kupimwa kwa maadili ya Kiislamu, ambayo hukataza israfu, yaani matumizi yanayovuka mpaka wa haja, lakini Hadithi zinasimulia kwamba Mtume aliandaa mbio za farasi Madina. Kwa hiyo kinachopimwa ni makusudi, wala si kasi yenyewe.

Kipimo hicho kina uzito wa pekee Burundi, ambako vita vilivyozuka Oktoba 1993 viligeuza barabara kuwa mitego. Tarehe 28 Desemba 2000, miezi minne kamili baada ya kutiwa saini Mkataba wa Amani wa Arusha, watu 21 waliokuwa katika basi la Titanic Express waliuawa karibu na Bujumbura. Kwa mkazi wa Gashoho, katika eneo la Muyinga, amani ya barabara ni kwanza kwenda sokoni na kurudi salama.

Hatari ya vita hushurutishwa, ya mbio huchaguliwa; hata hivyo ridhaa ya dereva haimfungi mtoto aliyesimama kando ya njia, kama ilivyodhihirika katika mbio za Le Mans, Ufaransa, mwaka 1955, gari liliporuka na kuua watazamaji zaidi ya 80. Kwa hiyo mbio baada ya vita ni halali pale tu wanakijiji wanaporidhia njia yao ifungwe, watazamaji wanapolindwa, na gari la wagonjwa linapopata mafuta kabla ya gari la mashindano.