Mashine Isimame Wapi?

Mwalimu mmoja wa fizikia wa Kamembe, wilayani Rusizi nchini Rwanda, bado ana hasira na mgeni aliyealikwa kwenye mdahalo wa wanafunzi wa sekondari. Msichana mmoja aliuliza: kama mashine ya kusafiri katika wakati ingekuwepo, nani angestahili kuipanda kwanza? Mgeni akacheka. Hizo ni njozi za Wazungu, akasema. Mwafrika hana wakati ujao wa mbali, na profesa Mwafrika mwenzetu alishaliandika hilo zamani. Kisha akawaasa vijana kwa methali: yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Ilikuwa mwezi wa Aprili, mwezi ambao Rwanda hukumbuka mauaji ya kimbari.

Mgeni alisharudi kwao. Mwalimu anaendelea kubishana naye.

Mashine yenyewe haihitaji maelezo marefu. Ni chombo cha kumtoa mtu katika leo yake na kumtua jana au kesho, kama alivyokibuni H. G. Wells katika riwaya ya The Time Machine mwaka 1895. Ipo hoja kwamba msafiri angeweza kumuua babu yake kabla baba yake hajazaliwa, akajifuta mwenyewe; David Lewis, mwanafalsafa wa Marekani, aliijibu mwaka 1976 kwamba msafiri huyo angeshindwa tu, kwa sababu fulani ya kawaida. Mwalimu hana haraka na ugomvi huo. Hata saa za atomiki zilizozungushwa dunia kwa ndege mwaka 1971, zikarudi zikipishana kwa nanosekunde na zilizobaki chini, anazitaja na kuendelea, ingawa hilo ndilo somo lake.

Kinachomkera ni yule profesa. John Mbiti, Mkenya, alichapisha African Religions and Philosophy mwaka 1969. Alichukua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akaeleza kwamba katika fikra za jadi za Kiafrika wakati hutiririka kurudi nyuma, kutoka Sasa kuingia Zamani. Wakati ujao unaozidi miezi kadhaa, au sana sana miaka miwili, haupo, kwa kuwa hakuna tukio lililokwisha kuujaza. Ushahidi wake mwingi ulitoka katika vitenzi vya Kikamba na Kikuyu.

Hapo mwalimu hupandisha sauti. Vitenzi vya lugha mbili vimepewa wapi idhini ya kusemea bara zima? Mkulima wa Shagasha anayepanda chai anajua hatachuma cha maana kwa miaka, na anajua pia shamba hilo litawalisha wajukuu. Anayelipa mahari kwa awamu, anayempa mtoto jina la babu ili ukoo usikatike, hao wote wanaishi na kesho ndefu bila kuhitaji kitenzi maalumu. Kwame Gyekye wa Ghana alimpinga Mbiti kwa kirefu mwaka 1987. Na hapa hapa Rwanda, padri Alexis Kagame alishaweka, katika tasnifu yake ya mwaka 1956, mahali na wakati ndani ya fungu moja la vitu vilivyopo, ahantu. Mwalimu hupenda kusema Kagame alikutana na Einstein njiani. Anatia chumvi: Kagame alikuwa anapanga aina za viumbe na hali zao, hakuwa anapima mwendo wa mwanga.

Pigo lake kali zaidi limo katika methali ya mgeni mwenyewe. Kama yajayo hayapo, tunaagizwa tugange nini? Mtu alisimama mbele ya watoto wa Rusizi, akawanyima kesho, halafu papo hapo akawaambia waiache jana.

Ukimwacha aendelee, mwalimu atahamia kwenye pembe za ndovu. Mashine ya Wells ina sehemu za nikeli, za jiwe angavu na za pembe. Pembe nyingi zilizouzwa London enzi hizo zilitoka Afrika, na nyingine zilipitia Unguja baada ya kubebwa mabegani na wapagazi kutoka Manyema na Ujiji. Msafiri wa Wells alikaa juu ya chombo hicho akaenda mbele, hadi mwaka 802,701, wala hakuuliza pembe ile ilifikaje. Na waliokuja kutafuta mali za Afrika walifika Rwanda pia: mwaka mmoja baada ya kitabu kutoka, mwaka 1896, jeshi la Rwanda lilishindwa na askari wenye bunduki wa Dola Huru ya Kongo kule Shangi, kando ya Ziwa Kivu. Kwa mwalimu, mashine ya wakati ya kweli ni daraja la Rusumo, mpakani na Tanzania, ambako saa ziko mbele: dereva wa lori anayekwenda Dar es Salaam hupoteza saa nzima pale, na hurudishiwa akirejea.

Lakini swali la msichana linangoja. Wenzake walitaka kurudi nyuma, wakagombana kuhusu kituo. Mmoja alisema jioni ya tarehe 6 Aprili 1994, mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalipokuwa karibu kuanza. Mwingine alitaka 1959, Watutsi walipoanza kushambuliwa. Wa tatu alitaka miaka ya 1930, Wabelgiji walipowaandikia watu kabila kwenye vitambulisho. Mwalimu aliona jambo la kutisha: kila mashine inaporudi mbali zaidi, mzigo wa aliyeshika panga unazidi kuwa mwepesi, hadi lawama yote inamwangukia karani wa kikoloni aliyekufa kitambo. Yeye angeisimamisha penye lango la uwanja wa michezo wa Kamarampaka, hapo Rusizi, ambako Watutsi walikusanywa Aprili ile na baadhi wakaitwa kwa orodha ya majina, wakatolewa kwenda kuuawa. Sababu za mbali ni za kweli, anakubali. Ila pale langoni palikuwa na watu walioweza kukataa.

Msichana akamjibu kwamba, kwa hesabu hiyo, abiria wa kwanza awe muuaji. Mahakama za Gacaca, za kijamii, zilizosikiliza kesi za mauaji hayo na kufungwa Juni 2012 baada ya kesi karibu milioni 2, zilisikia wengi wakikiri na kuomba msamaha. Manusura akirudi, itambidi apigane au akimbie, na huenda akashindwa tena. Aliyeua hahitaji silaha wala ujanja. Inatosha abaki nyumbani siku hiyo. Mwalimu hakulikubali. Alidai kwamba anayerudishwa na majuto yake amekwisha kuwa mtu mwingine, na hilo si sawa na yule wa Aprili kukataa mwenyewe. Msichana akauliza kama, basi, majuto hayana thamani yoyote. Mwalimu alijibu kwamba hakusema hivyo, na mpaka leo hajapata namna nyingine ya kulisema.