Mshika Mbili

Kila nikienda nyumbani, mjomba huniuliza swali lile lile: "Sasa wewe unafanya nini hasa?" Nikisema naandika, anauliza ni gazeti gani. Nikisema mwaka jana nilielekeza mchezo wa jukwaani, anaguna. Halafu anafunga na methali yake: mshika mbili moja humponyoka.

Simlaumu. Yeye alichanga kwenye harambee ya karo yangu, na mimi nikaacha chuo mwaka wa tatu. Kwa hivyo hilo si swali la umbea, ni swali la mdai. Mtu aliyesukumwa na ukoo mzima ana haki ya kukataa kuchagua kazi moja?

Nikilifikiria hilo, humkumbuka Faustin Linyekula. Alizaliwa mwaka 1974 huko Kongo, wakati huo ikiitwa Zaire. Alisoma fasihi na maigizo Kisangani, akaja hapa Nairobi mwaka 1993. Mwaka 1997, akiwa na Opiyo Okach na Afrah Tenambergen, akaanzisha kundi la dansi la Gàara. Yaani mtu wa vitabu na jukwaa akageuka mcheza dansi mjini kwetu. Mjomba angemkemea pia.

Mwaka 2001 alirudi kwao akaanzisha Studios Kabako, jina la rafiki yake aliyefariki. Ilianzia Kinshasa, baadaye ikahamia Kisangani. Ni mahali pa dansi na maigizo, kisha muziki na filamu vikaongezeka. Ukimuuliza yeye ni nani, hujiita msimulizi.

Kazi yake inayonishika zaidi ni ile ya 2009, *more more more… future*. Kuna gitaa la ndombolo lililochanganywa na kelele za punk, kuna wanaume wanaocheza, na kuna mashairi ya Antoine Vumilia Muhindo, rafiki yake aliyekuwa mfungwa wa kisiasa Kinshasa. Hebu fikiria. Mwandishi yuko ndani, hawezi kutoka. Ukiwa mcheza dansi tu, utamfanyia nini? Maneno yake yanahitaji mdomo, mdomo unahitaji muziki, muziki unahitaji miili, na miili inahitaji mtu wa kuipanga jukwaani. Linyekula hakuwa anakusanya vyeo. Alikuwa na deni moja, na deni lenyewe ndilo lililodai ufundi wote huo.

Hapo ndipo naona methali ya mjomba inapungukiwa. Wahenga hao hao walisema mkono mmoja hauchinji ng'ombe. Kushika vitu viwili si sawa na kushika kitu kimoja kwa mikono miwili. Ukitazama kwa mbali, utadhani ni jambo lile lile.

Lakini nisijidanganye. Mji huu umejaa watu kama mimi: mwandishi, mpiga picha, mwelekezi, DJ, vyote kwenye mstari mmoja wa wasifu, na hakuna hata kimoja kilichokamilika. Nimewahi kuhama kutoka hadithi kwenda filamu fupi kwa sababu tu hadithi ilikuwa imenishinda. Hiyo ilikuwa kukimbia, basi. Siku hizi, kabla sijaongeza kazi nyingine, najiuliza: hii inamlipa nani? Nikikosa jibu, naiacha.

Likizo iliyopita mjomba aliuliza tena. Nilimwambia nataka kuandika maisha ya nyanya, jinsi alivyouza ng'ombe wake wa maziwa ili mimi niende chuo, kisha tuyaigize hapo kijijini, na zile nyimbo alizokuwa akiimba akikama, na watu wacheze kama walivyocheza kwenye harambee yenyewe. Nilisema ndiyo maana nahitaji kuandika, kuelekeza na kucheza, vyote.

Alinyamaza kidogo. Hakunitajia methali.

"Nyanya yako ana miaka themanini na mbili," akasema. "Ni lini?"