Sadaka ya Mtazamaji

Ama baad. Ndugu zetu Waislamu wa Indonesia, wengi wao wa madhehebu yetu ya Shafii, walifikiwa na mtihani mwezi wa Januari 2023. Katika kisiwa cha Lombok wanawake wazee walikaa ndani ya maji ya matope, wakijimwagia saa nyingi mbele ya kamera ya TikTok, na watazamaji wakiwapelekea zawadi zigeukazo fedha. Waziri wa Jamii, Tri Rismaharini, akatoa waraka kukataza kuwaombesha wazee hivyo.

Mtazamaji husema: "Nilimhurumia." Nasi twamwuliza: lau bibi yule angalitoka majini akajifuta, ungalimpa? Ikiwa la, basi hukutoa sadaka. Ulinunua baridi yake. Mwenye huruma humtoa mhitaji majini kwanza, kisha humpa. Wallahu aalam.