Filamu, Kumbukumbu na Nafsi ya Mhamiaji

Mwanafalsafa John Locke alishikilia kwamba nafsi, yaani kile kinachomfanya mtu abaki kuwa yuleyule miaka inapopita, hudumu kwa kumbukumbu. Lakini maisha ya mhamiaji yanaonyesha kwamba kumbukumbu ya mtu mmoja haitoshi. Ushahidi umo katika *I for India* (2005) ya Sandhya Suri, filamu ya hali halisi, yaani isiyo ya kuigiza. Baba yake, daktari Yash Pal Suri, aliyehamia Uingereza mwaka 1965, alinunua kamera mbili, projekta mbili na vinasa sauti viwili, akatuma seti moja kwa jamaa zake India, na kwa miongo kadhaa pande hizo mbili zikabadilishana picha na sauti badala ya barua. Theluji ya Uingereza ilijibiwa kwa harusi na sherehe za India, pamoja na sauti za jamaa waliomsihi arudi. Basi nafsi haimo ndani ya mtu peke yake, bali hulindwa pia na wale wanaomtambua na kumdai. Kwa hiyo mtengenezaji wa filamu ana wajibu wa kimaadili wa kuzisikiliza pande zote mbili, kwani kumwonyesha mhamiaji bila waliobaki nyumbani ni kumpokonya nusu ya utu wake.