Mtoto Wetu ni wa Shoto: Tumrekebishe au Tumpokee?



Lugha yetu humhukumu mtoto hata kabla hajazaliwa. Mkono wa kulia ndio wa kulia chakula, nao huitwa pia wa kuume. Wa kushoto huitwa wa kike, kana kwamba ni dhaifu. Basi mtoto anaposhika kijiko kwa kushoto, nyumba huingia wasiwasi. Baba humwuliza mama, "Jambo hili limetoka ukoo gani?" Nyanya hushauri mkono ufungwe kitambaa. Punde si punde mume na mke wanagombana juu ya kiungo alichokiumba Mungu.

Tutazame ukweli kwanza. Mtoto mchanga hutumia mikono yote miwili, leo huu, kesho ule. Karibu na mwaka wa pili, upendeleo huanza kuonekana, na wengi huwa wametulia kwa mkono mmoja kabla ya kwenda shule ya msingi. Takriban mtu 1 katika kila 10 ni wa shoto. Hata tumboni, picha za watoto zimeonyesha kwamba wengi hunyonya kidole gumba cha kulia, na wachache cha kushoto. Wazazi wawili wanaotumia kulia wanaweza kabisa kumzaa mtoto wa shoto. Hakuna wa kulaumiwa. Lakini mtoto ambaye hajatimiza mwaka mmoja akitumia mkono mmoja tu, na mwingine umelegea au umekunjwa ngumi daima, mpelekeni kwa daktari.

Sasa tuulize swali la dhamiri: je, mzazi ana haki ya kumbadilisha? Kulea ni kurekebisha, ni kweli. Mtoto mwongo au mchoyo lazima aonywe, kwa maana anaweza kuchagua wema. Lakini mkono wake hakuuchagua. Ukimpiga kwa sababu ya umbile lake, hajifunzi adabu. Anajifunza kwamba Muumba alikosea alipomfanya.

Wengine watasema, "Na heshima je?" Heshima ifundishwe. Mtoto wa shoto anaweza kujifunza kuamkia wazee kwa mkono wa kulia, kuwapa kitu kwa mikono miwili, na kufanya ishara ya msalaba kama wengine kanisani. Hiyo ni desturi, nayo humfunza kuwajali watu. Penseli, kijiko na jembe aachiwe mkono wake.

Maandiko Matakatifu hayamwaibishi. Ehudi, ambaye Mungu alimwinua awaokoe Waisraeli, alikuwa mtu wa shoto (Waamuzi 3). Ni kweli kwamba katika Mathayo 25 mbuzi wanawekwa kushoto. Lakini walihukumiwa kwa kutomlisha mwenye njaa. Hakuna aliyeulizwa angemlisha kwa mkono gani.

Wahenga walisema mkono mmoja haulei mwana. Kwa hiyo kubalianeni ninyi wawili kwanza, faraghani, mtoto asisikie. Kisha kila mmoja azungumze na wazazi wake mwenyewe, kwa upole na heshima. Mama mkwe humsikia mwanawe kwa urahisi kuliko mkaza mwana. Mwalimu naye aelezwe mapema, ili mtoto asichekwe darasani.

Mwisho, jitazameni wenyewe. Katika ndoa pia kuna makosa ya kurekebishwa, na kuna maumbile ya kupokelewa. Ulevi na matusi ni makosa. Ukimya wa mume au uchangamfu wa mke huenda ni umbile tu. Wengi wetu tumetumia miaka mingi kumfunga mwenzi wetu mkono aliozaliwa nao, tukiita jambo hilo upendo.

Leo usiku, watoto wakisha kulala, ulizaneni: ni nini ninachojaribu kukibadilisha ndani yako, ambacho Mungu alikuwa ameniomba nikipokee?